Mfalme Aliyekwenda Kona Akarudi

Kazi yangu ilianza Jumamosi, tarehe 9 Februari 1957, saa nane na robo mchana, nikiwa nimechuchumaa nyuma ya nyumba nachambua sombe, majani ya muhogo. Ilikwisha Jumamosi, tarehe 14 Septemba, mwaka uleule. Ni miezi saba na siku tano. Najua kuna watu hapa Kamina wamekaa miaka thelathini kwenye reli, lakini ni baba mwenyewe, mtu wa reli, aliyesema kwamba sasa nimeingia pension, yaani nimestaafu, na watu wa reli hawafanyi mchezo na neno hilo. Basi naandika haya kwa ajili ya Dina, mdogo wangu, atakayepokea kaye, yaani daftari, na penseli, na kwa yeyote atakayempokea Dina. Vyeo sitavieleza. Nilianza nikiwa mchonga penseli, nikamaliza nikiwa mchonga penseli.

Siku ile ya kwanza Baba mdogo Yosua alipita uani bila kusalimu. Yeye ni mwalimu wa mwaka wa tatu kwenye shule yetu ya misioni ya Kimethodisti, mtu mrefu anayevaa kravati, tai ya shingoni, hata akienda kununua kuni. Alikuwa anatoka Serkle, ile nyumba ambamo makarani na walimu hukutana Jumamosi kusoma magazeti na kucheza eshek, mchezo ambao vitabu vya pwani huuita sataranji. Alikuwa ameshindwa. Hakusema, lakini kravati ilikuwa mfukoni.

"Weye, Marta," akaniambia. "Ndani ya hii nyumba nani anajua kusoma Kifaransa, anajua kidogo Kiingereza, anaandika muzuri, na hasemi sana?"

Sikujibu. Mimi nikiulizwa kitu ghafla, ulimi hurudi nyuma kama konokono.

"Bon," akasema. "Umepata kazi."

Hivyo ndivyo nilivyoajiriwa. Dina, usijisumbue kujifunza kuongea na wakubwa. Kuna kazi hutolewa kwa sababu ya kunyamaza.

Aliyekuwa anamshinda ni Baba Anselme, mume wa shangazi yetu, karani wa mizigo pale gare, stesheni ya treni, Mkatoliki tangu babu zake. Alifundishwa eshek na mapadri, kwa Kifaransa. Baba mdogo alifundishwa na pasta mmoja Mwamerika aliyekwisha kurudi kwao, kwa Kiingereza. Kwa miaka miwili Baba mdogo, kila akipewa vipande vyeupe, alianza vilevile: alimshika askari wa mbele ya mfalme na kumsukuma hatua mbili hadi katikati ya ubao, kwa kishindo, kama mtu anayegonga muhuri. Na kila mara Baba Anselme alimngojea, akamzunguka, akamla, kisha akakila kila kilichokuja kumwokoa.

"Sasa tunabadilisha," Baba mdogo akaniambia jioni ile. "Katikati tunaiacha. Tunaiangalia kwa mbali. Inaitwa hypermoderne, njo kusema kupita kisasa."

Baba alikuwa anavua viatu vya kazi. Akainua kichwa.

"Kisasa chenyewe hatujafika," akasema. "Banyinyi mumeshakipita?"

Vifaa vyetu nivieleze, maana ndivyo utakavyovirithi. Ubao ulitengenezwa kwa sanduku la sabuni, na miraba myeusi ilipakwa makaa na mafuta ya mawese. Usiuanike juani, utanuka. Vipande vyote vipo isipokuwa askofu mmoja mweupe. Mahali pake pana kizibo cha chupa ya dawa ya kikohozi. Kitabu kilikuwa cha Kiingereza, cha yule pasta, kimejaa maandishi yake ya penseli pembeni. Alimwachia Mademoiselle, muuguzi Mwamerika wa dispensari, naye alituazima kwa wiki mbili mbili. Na masomo ya Kifaransa tuliyapata kwenye makayabo. Sisemi mzaha. Mwenye duka alikuwa anafungia samaki wa chumvi kwa kurasa za magazeti ya zamani ya Ulaya, na kwenye kurasa hizo kulikuwa na safu ya eshek. Mama alinunua samaki, mimi nikanyoosha karatasi. Taabu ni kwamba mafunzo yalikatika popote mkasi ulipopita. Unasoma vizuri, mweupe anakaribia kushinda, halafu basi: nusu nyingine imekwenda na samaki wa jirani.

Kazi yangu ilikuwa kuunganisha hayo yote ndani ya kaye moja, kwa lugha moja.

Lugha ndiyo iliyotutesa kwanza. Kile kipande kinachokwenda kimshazari, Waamerika humwita askofu. Wafaransa humwita fou, yaani kichaa. Nilishangaa sana, maana wenye maaskofu wengi ni wao. Mara moja pale Serkle Baba mdogo alisema kwa sauti, "Nimekula askofu wako," na wazee wawili Wakatoliki wakasimama. Baba Anselme akamtuliza mmoja kwa mkono, akajibu, "Shemeji, kwetu tunasema umekula kichaa. Iko heshima zaidi." Ndani ya kaye niliamua kuandika F ya Kifaransa, na nikisoma kwa sauti naita "kizibo", maana ndicho kilichokuwa mezani.

Tatizo la pili lilikuwa mkono wa Baba mdogo. Kichwa chake kilikwisha kuvuka kisasa mwezi wa tatu, lakini mkono ulibaki nyuma. Tunaanza, namwambia farasi kwanza, anaitika, "Ndiyo, farasi," na mkono unakwenda kwa askari wa mfalme na kumsukuma hatua mbili. Mama ndiye aliyetatua. Alichukua donge la bukari, yaani ugali, la jana, akaliloweka, akamgandisha yule askari ubaoni. Kwa wiki mbili askari yule hakutoka. Baba mdogo alimvuta mara nyingi, ubao mzima ukainuka pamoja naye. Kisha panya wakaja kula bukari, lakini kufikia hapo mkono ulikuwa umeshaelewa.

Sasa njia zenyewe. Mweupe anaanza na farasi wa upande wa mfalme. Anasogeza askari mmoja wa pembeni hatua moja, na nyuma yake anamweka kizibo, atazame ubao wote kwa mshazari kama mama mkwe dirishani. Mfalme anajificha karibu naye. Mpaka hapo hujamwambia adui lolote. Baba mdogo alitaka tuamue mapema kitakachofuata, tukakariri njia moja hadi mwisho. Ni baba aliyekataa. Kazi yake ni kugeuza reli pale njia zinapoachana, na tangu reli mpya ya Kabongo ifunguliwe ana njia tatu.

"Treni ikitoka gare," akasema, "hakuna muntu anajua inaenda Luena, ao Kaniama, ao Kabongo. Iko reli moja. Minyi njo najua, na minyi pia nangojea kuona nani amesimama mbele."

Basi tukaziita hivyo. Mweusi akijaza askari wake katikati, tunampiga kwa ubavu na askari wa mbele ya kizibo cha pili: hiyo ni Luena. Akikaa kimya, nasi tunakaa kimya, tunaweka vizibo viwili, kimoja kila upande, na kujipanga taratibu: Kaniama. Akituiga, akaacha katikati wazi, ndipo yule askari wa bukari anaruhusiwa kutoka, akiwa amechelewa na ana wenzake nyuma: Kabongo. Usiseme mapema unakwenda wapi. Usivunje hatua mbili za kwanza. Hayo ndiyo yote ninayoyajua, na yalinichukua kaye ya kurasa sitini.

Mama hakuyakubali. "Munaacha adui anaketi katikati ya nyumba, munasema njo akili?"

"Mugeni akiingia na magunia yake yote katikati ya uwanja," Baba mdogo akamwambia, "hawezi kukimbia tena."

"Hata kumufukuza huwezi," mama akajibu, na kuendelea kutwanga.

Mwezi wa saba, Jumapili moja, shangazi na mumewe walikuja kula kwetu. Mimi nilikuwa napeleka maji ya kunawa.

"Shemeji," Baba Anselme akasema, "nasikia unajifunza kucheza bila kugusa katikati. Njo kusema nini? Kuoga bila maji?"

"Utaona."

"Nitaona nini? Nimekuona miaka mbili."

"Nipe nyeupe, Jumamosi ya pili ya mwezi wa tisa, mbele ya bantu bote. Utaona."

"Bon. Ukishindwa, Jumapili yake unakuja kwetu misa. Benchi ya kwanza. Na kravati."

"Na weye ukishindwa, unakuja kwetu, benchi ya kwanza, unaimba nyimbo zote mpaka ya mwisho."

"Ya mwisho iko mbali?"

"Kwetu? Iko mbali sana."

Wakacheka, wakapeana mikono juu ya beseni langu. Shangazi akasema Mungu amewasikia wote wawili, na hakucheka.

Habari ilifika kwa mkurugenzi wa shule kabla ya Jumatano. Alimwita Baba mdogo, akamwambia maneno machache: mwalimu atakayeonekana kwenye misa Jumapili, Jumatatu asiguse chaki yake. Baba mdogo ana watoto watano na nyumba ya shule. Baba alimshauri afute maneno. Lakini neno ulilolitoa mbele ya shemeji, mikono ikiwa na mafuta ya kuku uliyemchinjia, huwezi kulirudisha. Ukilirudisha, utakula wapi tena? Kwa hiyo mezani sasa paliwekwa chaki yote ya Baba mdogo, na karatasi za kuilinda zilikuwa mwandiko wangu.

Hapa nafika kwenye ukurasa wa 31. Nimeuzunguka vya kutosha.

Ukurasa wa 31 ulikuwa njia ya Kaniama, tawi zuri kuliko yote. Mafunzo ya makayabo yalisema mfalme aende kona kabisa, mraba wa h1. Kwa Kifaransa mfalme ni Roi, kwa hiyo imeandikwa Rh1. Karatasi ikaishia hapo, samaki wa jirani. Lakini ndani ya kitabu cha pasta, pembeni, nilikuta njia ileile kwa penseli, naye aliiendeleza: Rg1, kisha askari wa mbele ya mraba huo asukumwe. Sasa tazama. Kwa Kifaransa R ni Roi, mfalme. Kwa Kiingereza R ni mnara, kile kipande cha kona kinachokwenda moja kwa moja, ambacho Kifaransa hukiandika T. Na yule pasta, miaka yake ya mwisho hapa, alikuwa anaandika lugha zote mbili kama uji na maharagwe. R yake ilikuwa ipi? Mfalme aliyetoka kwenda kona sasa anarudi? Au mnara unakuja kusimama alipoondoka mfalme?

Nilikuwa na shaka. Nisiseme sikuwa nayo. Nilichukua kitabu, nikaenda dispensari kumwuliza Mademoiselle. Nilifika mpaka mlangoni. Ndani kulikuwa na wageni wanne, wanaume, wanakunywa kahawa. Mmoja akageuka, akasema, "Ndiyo, mama?" Nikasema nimekuja kuuliza kama kuna dawa ya minyoo. Nikapewa. Nikarudi nyumbani na dawa ya minyoo, nikaiacha R kama nilivyoikuta. Hata ubaoni sikuijaribu, maana tawi hilo Baba mdogo alilikariri shuleni, wakati watoto wanafanya hesabu.

Jumamosi ya mchezo, kwa sababu ya joto la Septemba na wingi wa watu, ubao ulitolewa nje kwenye baraza ya Serkle. Wasichana hatuingii ndani, lakini ngazi si ndani. Nilikaa ngazi ya chini na kaye, ninaandika kila hatua. Upande wa kushoto Wamethodisti, upande wa kulia Wakatoliki, kama kwenye harusi.

Baba mdogo alitoa farasi. Watu wakaguna, maana walizoea kishindo. Baba Anselme akatabasamu, akaweka askari mmoja tu katikati, akakaa kimya. Kaniama. Nilihisi treni inageuka. Kizibo kikaenda dirishani, mwenzake akaenda upande wa pili, mfalme akajificha. Kila kitu kilikuwa kama kwenye kaye. Baba Anselme akaacha kutabasamu, akafungua kifungo cha shati. Mtu nyuma yake akasema, "Eh, mwalimu amesoma."

Ndipo Baba mdogo akamsogeza mfalme kona. Vizuri. Baba Anselme akajibu. Na Baba mdogo, kwa utulivu wa mtu anayejua, akamshika mfalme yuleyule, akamrudisha alikotoka.

"Amesahau kofia," mmoja akasema.

"Ao ufunguo," mwingine akasema.

Baraza lote likacheka, Wamethodisti nao. Mimi sikucheka. Niliandika R, kisha penseli ikavunjika. Baba Anselme yeye hakucheka. Aliinama juu ya ubao, akaweka mikono masikioni, akatafuta mtego. Akatafuta chini ya kila kipande. Robo saa nzima alimtazama yule mfalme kama mtu anayeangalia nyoka na hajui kichwa kiko wapi. Mwishowe akasogeza askari mmoja kidogo tu, kwa uoga.

Kama Baba mdogo angeishia hapo, labda tungepona. Lakini aliamini kaye yangu. Kaye ilisema sasa sukuma askari wa mbele ya mraba ule, naye akamsukuma. Kama mnara ungekuwa nyuma yake, lingekuwa shambulio. Nyuma yake alikuwa mfalme. Baba mdogo alikuwa amefungua mlango wa chumba cha mfalme wake, mfalme akiwa kitandani.

Malkia mweusi hakubisha hodi.

Ilipokwisha, watu walipiga makofi, wengine makofi ya huruma. Baba mdogo alimpa shemeji yake mkono, akashuka ngazi, akaketi karibu nami. Akafungua kaye, ukurasa wa 31. Nikamwona anasoma. Akaweka kidole juu ya R ya kwanza, kisha juu ya R ya pili. Kidole kikakaa hapo. Nilingoja aseme.

"Mwalimu, mufalme ule alikuwa anafanya nini?" mtu akauliza kwa nyuma.

Baba mdogo akafunga kaye.

"Nilichoka," akasema. "Jua."

Tukatembea mpaka nyumbani. Hakusema lolote juu ya R. Alisema tu kwamba njia ya Luena ni nzuri, na kwamba vizibo vilikaa vizuri. Nyumbani akamwomba mama ampigie pasi kravati. Mama akapiga pasi huku analia, akaiunguza kidogo ncha. Baba ndipo akanitazama, akaitazama kaye imelala magotini pangu, akasema, "Marta, nafikiri weye umeingia pension." Alikuwa anatafuta neno la kunichekesha. Sikucheka, lakini nilimtii.

Mashauri yangu kwako, Dina, ni mafupi. Andika jina zima. Mfalme aitwe mfalme, mnara uitwe mnara, karatasi haitakwisha. Ukiwa na shaka na mlangoni kuna wanaume wanne wanakunywa kahawa, ingia. Dawa ya minyoo niliinywa kwa aibu, na sikuwa na minyoo.

Kesho yake asubuhi niliamka kabla ya Baba mdogo kupita. Nilivaa rinda la bluu, nikajifunga kitambaa kichwani kama nilivyowaona Wakatoliki wanafanya, nikamwambia mama amzuie Baba mdogo na kumpeleka kanisani kwetu, nikachukua kaye, nikaenda kanisa lao. Baba Anselme alikuwa amesimama mlangoni na rafiki zake watatu, viatu vinang'aa, wanatazama njia.

"Jambo, baba," nikasema.

"Jambo, mama. Baba mudogo wako iko wapi?"

"Iko kwetu, kanisani. Minyi njo nimekuja."

Rafiki zake wakacheka. Yeye akakunja uso. "Sikucheza na weye."

"Alicheza yeye. Niliandika minyi." Nikafungua ukurasa wa 31 mbele ya wote wanne. Sauti yangu ilitoka, nikaisikia inatoka. "Hii R ya kwanza ni Roi. Hii ya pili ni ya Kiingereza, ni mnara. Sikuuliza. Benchi ni yangu. Na yeye akiketi pale, kesho banamunyanganya chaki."

Baba Anselme akachukua kaye. Akasoma. Akageuza ukurasa, akarudi. Midomo yake ikaanza kucheza.

"Robo saa," akasema. "Robo saa nilitafuta mutego! Kumbe nilikuwa napigana na alfabeti."

"Basi umeshinda alfabeti," rafiki yake mmoja akamwambia. "Hongera."

"Nyamaza." Akanirudishia kaye, akaivuta kravati yake ikae sawa. "Chaki hakuniambia. Lakini benchi ya kwanza iko benchi ya kwanza. Upande wa bamama, kushoto. Ingia."

Niliingia. Ni mbali, Dina, kutoka mlangoni mpaka benchi la kwanza, na kila mtu ana macho mawili. Niliketi karibu na bibi mmoja mzee sana. Padri akatupa mgongo, akaanza kusema Kilatini. Watu wakasimama, nikabaki nimeketi; niliposimama, walikuwa wanapiga magoti. Bibi akanivuta rinda.

"Mutoto, angalia minyi," akanong'ona. "Fanya kama minyi."

Nikafanya kama yeye. Akisimama, nasimama. Akiinama, nainama. Kisha akapiga magoti, nikapiga magoti karibu naye, akaweka uso ndani ya mikono yake, nami vilevile. Watu wakainuka. Bibi hakuinuka. Wakaketi, wakasimama tena, wakaimba, na yeye bado. Nikachungulia kati ya vidole. Alikuwa amelala usingizi.

Nyuma yangu nikasikia watu wanaambiana kwamba yule Mumethodisti ana imani ya nguvu. Sikumwamsha. Niliendelea kupiga magoti, mbele ya Kamina nzima, mpaka alipoamka.